Kuishi kwa kalamu Nairobi: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu jarida, runinga na matangazo

Nimeandikia majarida, nikaandikia runinga, na kwa miaka mingi kodi ya nyumba imelipwa na matangazo ya biashara. Maswali ninayoulizwa na vijana wanaotaka kuingia kazi hii ni yaleyale, hubadilisha nguo tu. Nimeyapanga kuanzia ya anayeanza hadi ya aliyekwisha kuumwa. Jibu likigusa lingine, nimekuelekeza huko badala ya kurudia.

## Mambo ya msingi

Kwani wewe unafanya kazi gani hasa?

Naandika. Watu wengi hawatosheki na jibu hilo, basi nitoe mfano wa wiki moja ya kawaida. Jumatatu asubuhi namalizia makala ya maneno 1,200 kuhusu wafugaji wa kuku wa mji wa Kikuyu. Jumanne nimo katika chumba cha waandishi, tunabishana kama mhusika fulani anaweza kumsamehe baba yake kabla ya mapumziko ya matangazo. Alhamisi naandika tangazo la redio la sekunde 30 la sabuni ya kufulia.

Kazi ni moja. Anayebadilika ni yule anayekukatalia. Kwenye jarida unakataliwa na nafasi: ukurasa umejaa, ondoa maneno 200. Kwenye runinga unakataliwa na gharama: onyesho hili litahitaji magari matatu na usiku kucha, libadilishe. Kwenye matangazo unakataliwa na hofu: mteja anaogopa bosi wake, bosi anaogopa wateja, na wote wanaogopa kuchekwa mtandaoni. Ukijua unapigana na nani kati ya hao watatu, utajua mapema ni sentensi ipi ya kuipigania na ipi ya kuiacha iende.

Si ni bora kuchagua mojawapo na kubobea?

Ukiweza, chagua. Ila Nairobi ni nadra chungu kimoja kumshibisha mwandishi, na hilo halikuanza jana. Hilary Ng'weno alikuwa mhariri mkuu wa kwanza Mwafrika wa gazeti la Daily Nation miaka ya 1960. Mwaka 1973 alianzisha jarida la vichekesho la Joe pamoja na mchoraji Terry Hirst, na mwaka 1975 akaanzisha The Weekly Review, jarida la siasa lililodumu hadi 1999. Katikati ya hayo aliandika riwaya, na baadaye akaingia katika televisheni. Ken Walibora alikuwa mtunzi wa Siku Njema, riwaya iliyotoka 1996 na kusomwa na shule nzima, na bado watu wengine walimfahamu kwanza kama msomaji wa habari za Kiswahili runingani. Wahome Mutahi aliwachekesha Wakenya kwa safu yake ya gazetini, huku akiandika riwaya na michezo ya Kikikuyu iliyoigizwa kwenye mabaa.

Watu husema hao walikuwa na vipaji vingi. Walikuwa navyo, sikatai. Lakini pia waliishi katika mji ambao mtu wa kalamu hubisha hodi kwenye milango mitatu ili mmoja ufunguke.

Nahitaji shahada ya uanahabari?

Hakuna aliyewahi kuomba kuona yangu. Wanaomba kuona ulichoandika. Kama huna pesa za chuo, kuna maktaba ya McMillan pale Banda Street, na kuna wauza vitabu wa kando ya barabara, wale wa "inama bookshop", ambako unainama, unachagua, unapatana bei na kurudi nyumbani na jarida la zamani. Majarida ya zamani ni shule nzuri kwa sababu yanaonyesha ni sentensi zipi zimezeeka na zipi bado zinapumua.

Nianzie wapi kati ya hayo matatu?

Kwenye jarida au gazeti. Huko unapewa kitu ambacho runinga na matangazo hayakupi kwa urahisi: kazi yako inachapishwa ikiwa na jina lako, kisha unaweza kuketi na kulinganisha ulichotuma na kilichotoka. Kila tofauti ni somo la bure. Taifa Leo limewapa nafasi washairi na waandishi chipukizi kwa miaka mingi, na wapo waandishi wakubwa leo ambao mara ya kwanza kuona majina yao yamechapwa ilikuwa chini ya shairi la beti sita.

## Majarida

Majarida si yalishakufa?

Yaliyokufa ni yale ya kuuzwa kwa muuza magazeti pale Moi Avenue, na hata hayo hayakufa yote. Parents limekuwapo tangu 1986. Kwani?, jarida la fasihi, lilizaliwa 2003, mwaka mmoja baada ya mwandishi Binyavanga Wainaina kushinda Tuzo ya Caine ya hadithi fupi, likafungulia mlango kizazi kizima cha waandishi, wakiwemo waliochanganya Kiingereza na Sheng bila kuomba radhi.

Lakini tuongee ukweli wa mfuko. Leo anayelipa kwa jarida aghalabu ni shirika: jarida la Sacco (chama cha akiba na mikopo), la shirika la ndege, la hospitali, la chama cha wakulima wa kahawa. Waandishi wachanga huzidharau kazi hizi. Mimi nimepata hadithi nzuri zaidi katika jarida la Sacco kuliko katika magazeti mengine yenye jina kubwa, kwa sababu mwanachama wa Sacco atakueleza bila kuficha jinsi alivyonunua shamba lake la kwanza, alivyotapeliwa, na alivyolinunua mara ya pili.

Mhariri anataka nini hasa? Makala yangu hurudishwa bila maelezo.

Anataka uanze pale mambo yanapoanza. Makala yangu ya kwanza ndefu ilihusu mama fua, wale wanawake wanaoketi nje ya malango ya fleti za Kilimani wakisubiri kuitwa kufua. Nilianza hivi: "Tangu jadi, suala la ajira limekuwa changamoto kubwa katika jamii yetu." Aya mbili nzima za namna hiyo. Mhariri hakuandika maoni yoyote. Alivuta mstari wa kalamu nyekundu kutoka juu hadi aya ya tatu, kisha akazungushia duara sentensi niliyokuwa nimeitupa katikati kama kitu kidogo: "Anayeketi kwenye jiwe lililo karibu na soja wa lango huitwa kwanza, kwa hiyo wengine hufika saa kumi na mbili asubuhi kugombea jiwe hilo."

Jiwe hilo ndilo likawa mwanzo wa makala. Kila kitu kilichofuata kilitoka kwake: nani amelishika leo, soja anapewa nini ili alilinde, mwenye mtoto mgongoni anafika vipi mapema. Ajira katika jamii yetu ilikuwa imeketi juu ya jiwe tangu mwanzo, mimi nikawa naihubiria.

Makala yako ikirudishwa kimya, funika aya mbili za kwanza kwa mkono, usome kuanzia ya tatu. Mara nyingi utapata jibu ambalo mhariri hakuwa na muda wa kukuandikia.

Pendekezo la makala liwe refu kiasi gani?

Fupi. Aya moja ya hadithi yenyewe, aya moja ya utawahoji akina nani, na siku utakayowasilisha. Usiambatishe wasifu wa kurasa nne.

## Runinga

Kuna tofauti gani kati ya kuandika makala na kuandika skripti?

Makala inasomwa. Skripti inalipiwa, mstari kwa mstari. Katika skripti yangu ya kwanza niliandika: "Usiku. Mvua kubwa inanyesha. Matatu ya 46 imejaa pomoni. Akinyi anasimama mlangoni, analia." Nilijiona bingwa. Mtayarishaji alisoma kwa sauti mbele ya wote, kisha akauliza, bila hasira, "Mvua nani atalipa?" Akaendelea: matatu ni ya kukodi kwa usiku mzima, abiria ni waigizaji wa ziada 14, kila mmoja anataka nauli na chakula, na mvua ni gari la maji na bomba.

Nilirudi na hii: "Ndani. Usiku. Akinyi anaingia amelowa chapachapa. Anasimama mlangoni, anakamua sketi yake ndani ya beseni. Mama haangalii nyuma. MAMA: Nauli ulinyimwa pia?" Ndoo moja ya maji, waigizaji wawili, na onyesho likawa zuri kuliko la kwanza, kwa sababu sasa kulikuwa na mama asiyegeuka. Gharama ni mhariri mkali, ila huwa na jicho.

Ukurasa mmoja wa skripti ni dakika ngapi?

Kanuni ya jumla ni dakika moja kwa ukurasa ulioandikwa kwa mpangilio wa kawaida wa skripti. Usiiamini mno ukiandika Kiswahili cha mazungumzo mazito: maneno yetu ni marefu na waigizaji wazuri hupumua kati yake. Soma kwa sauti huku saa ikihesabu. Kipindi cha nusu saa, ukitoa matangazo, hubakiwa na dakika 22 hadi 24 za hadithi.

Chumba cha waandishi kinaendaje?

Kuna meza, chai, karatasi za rangi ukutani, na mtu mmoja, mwandishi mkuu, anayeamua. Mnapanga msimu mzima kwanza, kisha kila sehemu, kisha kila mwandishi anakwenda kuandika sehemu yake. Ikirudi, wenzako wanaichana mbele yako. Ukiwa umetoka kwenye jarida, ambako sentensi ni yako na jina ni lako, utaumia miezi ya kwanza. Mstari wako bora utapewa mhusika mwingine katika sehemu nyingine, na hakuna atakayekumbuka ulitoka kwako. Ukishindwa kuvumilia hilo, baki kwenye jarida. Halina aibu.

Kuna kazi kweli, ama ni wale wale kila mwaka?

Zote mbili ni kweli. Kwa muda mrefu mlango ulikuwa mmoja: televisheni ilianza hapa 1962, ikawa Sauti ya Kenya mwaka 1964, ikarudia jina la KBC 1989, na hadi KTN ilipoingia 1990 hukuwa na pengine pa kupeleka hadithi yako. Waliokulia enzi hiyo wanakumbuka Vitimbi na Vioja Mahakamani kwa sababu ndivyo nyumba nzima ilitazama. Mitambo ya analogi ilipozimwa 2015, vituo viliongezeka, na kanuni za utangazaji zinazotaka vipindi vya nyumbani, asilimia 40 mwanzoni na baadaye 60, zikasaidia kusukuma kazi. Mwaka 2022 Country Queen ikawa tamthilia ya kwanza ya Kenya kuonyeshwa na Netflix kama kazi yake yenyewe.

Wale wale? Ndiyo, kwa sababu mtayarishaji mwenye makataa ya wiki mbili humpigia mtu ambaye hajawahi kumwangusha. Njia ya kuingia ni kuanza kama mwandishi wa kumbukumbu wa chumba, yule anayenakili kila kinachosemwa. Ukiona nafasi hiyo, ichukue hata kama malipo ni ya chai.

Ni mambo gani hayapiti?

Kwa runinga ya wazi, kuanzia saa kumi na moja alfajiri hadi saa nne usiku ni muda wa familia, kwa hiyo lugha chafu, ngono na ukatili wa wazi havina nafasi. Filamu na michezo ya kurekodi pia iko chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, iliyopitishwa 1962, kabla hata ya uhuru. Leseni ya kurekodi ni kazi ya mtayarishaji, lakini skripti ni yako, na itasomwa na watu wasiokujua. Usiweke jambo la mzaha ambalo hutaki kulieleza kwa ofisa wa serikali saa tatu asubuhi.

## Matangazo ya biashara

Kuandika matangazo si kuuza roho?

Salman Rushdie aliandika matangazo London kabla riwaya hazijaanza kumlisha. Roho yake naona ilibaki salama. Mimi nina mstari mmoja tu: siandiki tangazo la kitu ambacho nisingetaka mdogo wangu akinunue. Kwa sababu hiyo kamari siigusi, na nimekosa pesa nyingi. Wewe weka mstari wako kabla hujapigiwa simu, maana ukiuweka baada ya kutajiwa kiasi, utauchora karibu na miguu yako.

Brifu ni nini, na kwa nini kila mtu huilalamikia?

Ni karatasi inayokuambia nani anauza nini kwa nani, na kwa nini mnunuzi aijali. Ikiwa nzuri ni ukurasa mmoja. Ikiwa mbaya ina kurasa 19 na inasema bidhaa ni "ya kila mtu". Ukipewa ya namna hiyo, nenda dukani, uliza muuza duka nani huinunua na huiombaje. Muuza duka wa Kayole atakupa brifu kwa sentensi moja: "Hii hununuliwa na wamama wa hoteli, wanaitaka ile kubwa."

Kwa nini matangazo mengi ya Kiswahili yananuka tafsiri?

Kwa sababu ni tafsiri. Hili ndilo swali ninaloulizwa kuliko yote, na linaniuma, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo.

Kampeni hufikiriwa kwa Kiingereza wiki sita. Ikishapitishwa, Ijumaa saa kumi na moja jioni, barua pepe inakuja: tafadhali weka Kiswahili kufikia Jumatatu. Hapo wazo limekwisha gandishwa, picha zimekwisha pigwa, na kilichobaki ni kuvisha maneno yetu koti la mtu mwingine.

Niliwahi kuitwa kwa kazi ya akaunti ya akiba. Mstari wa Kiingereza ulidai akaunti hiyo hufanya pesa zako zikufanyie kazi. Aliyenitangulia alikuwa ameandika: "Fanya Pesa Zako Zikufanyie Kazi kwa Bidii." Sasa mfikirie mama wa soko la Gikomba aliyeamka saa tisa usiku kufungua mtumba. Anayefanya kazi kwa bidii ni yeye. Kwake pesa haifanyi kazi. Pesa inakaa, inatoroka, au inazaa. Nikaandika: "Iweke leo, ikuzalie." Maneno matatu, na anayeyasikia anajua ni mbuzi, ni shamba, ni riba.

Chumba cha mteja kilikuwa na watu saba. Wote walicheka, wakasema ni tamu. Kisha mmoja akauliza kama neno "kuzaa" halitamkwaza mtu. Mwingine akasema tuwe salama. Kilichotoka kwenye mabango ya Mombasa Road kilikuwa "Weka Leo, Vuna Kesho", ambacho umekwisha kukisahau ukimaliza kukisoma.

Kwamba inawezekana, ushahidi uko mfukoni mwako. Okoa Jahazi ni maneno ya baharini yaliyogeuka jina la mkopo wa salio la simu, na hakuna aliyehitaji kuelezwa. Fuliza, jina la mkopo wa M-Pesa ulioanza 2019, ni kitenzi cha Kiswahili ambacho leo mtu wa Turkana na wa Taveta wanakitumia kwa maana ileile. Majina hayo yanasikika kama yalianzia kwenye lugha. Ukipata nafasi ya kuingia chumbani wakati wazo bado ni bichi, ingia hata kama hulipwi kikao hicho.

Tangazo la sekunde 30 liwe na maneno mangapi?

Mimi sipiti 60 kwa Kiswahili, na nikijua mwisho kuna "Vigezo na masharti kuzingatiwa" napunguza hadi 54. Kama mteja ni benki, ongeza sentensi ya kwamba inadhibitiwa na Benki Kuu ya Kenya, na upunguze tena. Kuhusu kupima kwa saa, tazama jibu la ukurasa mmoja wa skripti.

Jina la bidhaa liingie ngeli gani?

Swali la wakereketwa, na nalipenda. Jina geni likisimama peke yake huangukia ngeli ya I-ZI: "imefika", "ni tamu". Lakini msikilizaji husikia nomino iliyojificha nyuma ya jina. Ukiuza maziwa, "yamefika" ni sawa kwa sababu kila mtu anawaza maziwa. Balaa huja mteja anapotaka bidhaa iwe kama mtu: "amefika!" Kwa katuni ya watoto inapita. Kwa dawa ya mende, fikiria mara mbili ni nani hasa amefika.

## Lugha

Niandike Kiswahili sanifu au Sheng?

Uliza kazi itaishi muda gani. Tangazo la redio huishi wiki sita. Sheng inafaa ikiwa wewe mwenyewe unaiishi. Tamthilia hurudiwa kwa miaka; mpe Sheng mhusika anayestahili, na usimpe kila mtu. Makala ya jarida itasomwa na mtu mwaka 2040.

Tatizo la Sheng ni kwamba inazeeka kwa mitaa, si kwa miaka tu. "Mbao" kwa shilingi 20 na "soo" kwa 100 yamedumu. Maneno mengine ya wakati uleule ukiyatumia leo utaulizwa kama umetoka jela. Nilipokuwa naandikia kipindi cha vijana nilikuwa na msichana wa Umoja aliyenisomea kila mstari kwa ada ndogo. Mara nyingi maoni yake yalikuwa neno moja: "Babu."

Sanifu nayo ina mtego wake. Mhusika wa Kariobangi anayesema "tafadhali nipatie kikombe cha maji" anapaswa kuwa ama mwalimu, ama ana jambo analolitaka.

Mashine za akili bandia hazitatunyang'anya kazi?

Zimekwisha chukua ile tafsiri ya Ijumaa jioni, na inaonekana kwenye mabango. Jiwe la soja hazijaliona.

## Pesa na mikataba

Nitoze kiasi gani?

Sitaji kiasi kwa sababu kazi hazifanani. Ninachoweza kukueleza ni utaratibu. Kwa jarida hulipwa kwa neno au kwa makala. Kwa runinga, kwa sehemu na kwa hatua (muhtasari, rasimu ya kwanza, rasimu ya mwisho). Kwa matangazo, kwa siku au kwa kampeni. Andika idadi ya marekebisho ndani ya makubaliano. Mawili yakiisha, la tatu lina bei. Na uombe sehemu ya malipo mapema, hasa kwa mteja mpya. Asiyeweza kutoa kitu mwanzoni hataweza mwisho.

Kwa nini pesa iliyofika ni pungufu ya ankara niliyotuma?

Kodi ya zuio. Kwa ada za kitaalamu za mkazi, anayekulipa hukata asilimia 5 pale jumla inapofika shilingi 24,000 kwa mwezi. Ankara ya 60,000 itakufikia ikiwa 57,000, na ile 3,000 inatakiwa kuonekana kwenye akaunti yako ya KRA, mamlaka ya kodi. Hakikisha inaonekana. Si kodi ya mwisho, ni sehemu ya kodi yako ya mwaka, na utaihitaji unapowasilisha hesabu kabla ya tarehe 30 Juni. Siku hizi kampuni nyingi pia zitakataa ankara isiyotoka eTIMS, mfumo wa KRA wa ankara za kielektroniki, kwa hiyo jisajili kabla hujaihitaji.

Nikiisha kuandika, kazi ni ya nani?

Soma hapa polepole. Chini ya Sheria ya Hakimiliki ya 2001, kazi uliyoagizwa kuandika, au uliyoandika ukiwa mwajiriwa, huchukuliwa kwamba haki yake imehamia kwa aliyeagiza au mwajiri, isipokuwa mkikubaliana vinginevyo. Kwa hiyo ukinyamaza, umetoa. Kwa tangazo la sabuni sijali. Kwa tamthilia najali sana: omba kwenye mkataba jina lako litajwe, na useme nini kitatokea ikifanywa msimu wa pili, ikiuzwa nje, au ikigeuzwa kitabu.

Walikataa wazo langu, kisha nikaliona runingani. Nishtaki?

Sheria hulinda jinsi wazo lilivyoandikwa, hailindi wazo lenyewe. "Mapacha waliotenganishwa hospitalini" si lako wala langu. Mazungumzo yako, mpangilio wako wa matukio, hayo ni yako. Ndiyo maana huwa sendi kikaoni na wazo la mdomo. Naenda na kurasa zenye tarehe. Unaweza pia kuisajili kazi kwa Bodi ya Hakimiliki. Haki ipo hata usiposajili, lakini cheti husaidia mkifika mahali pa kubishana.

Mteja amenyamaza na pesa yangu. Nifanyeje?

Kwanza tenganisha aliyechelewa na aliyekataa. Siku 60 au hata 90 ni jambo la kawaida katika matangazo, ingawa halifai kuwa la kawaida. Piga simu kwa mhasibu, si kwa yule rafiki yako wa kitengo cha ubunifu. Yeye hana funguo za sanduku. Baada ya hapo andika barua ya madai.

Ikishindikana, kuna Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanza kazi 2021. Inasikiliza madai yasiyozidi shilingi milioni moja, huhitaji wakili, na kesi inatakiwa kumalizika ndani ya siku 60. Nimeitumia mara moja dhidi ya mteja ambaye sitamtaja. Nilikuwa na ankara, barua pepe ya kukubali kazi, na picha ya bango lenye maneno yangu likiwa juu ya barabara. Alilipa kabla ya siku ya kusikizwa.

## Mambo ya pembeni

Naweza kuandika makala kuhusu kampuni ninayoiandikia matangazo?

Hapana. Hata kama mhariri hajui. Hata kama ni ya kuisifu, maana hiyo ndiyo mbaya zaidi.

Nimeombwa niandike safu itakayotoka kwa jina la mkurugenzi fulani. Ni halali?

Ni halali, ni ya kawaida, na hulipa vizuri kwa sababu unauza na ukimya. Masharti yangu ni kuongea naye mwenyewe, angalau saa moja, nimsikie anavyotania na anavyokasirika. Mkurugenzi anayetuma msaidizi aeleze maoni yake hana maoni.

Nikichora mhusika kutoka kwa mtu halisi, nitashtakiwa?

Unaweza, ikiwa wanaomfahamu watamtambua na umemharibia jina kwa uongo. Ukubwa wa hatari hutegemea unayemwandika na zama unazoishi: Wahome Mutahi, aliyetajwa juu, alikamatwa na kufungwa mwaka 1986. Kwa watu wa kawaida, dawa ni kubadilisha zaidi ya jina. Badilisha kazi, mtaa, idadi ya watoto. Mwizi wa gesi awe mwizi wa kuku.

Sauti ni vigumu zaidi kuibadilisha, na mara nyingi sauti ndiyo uliyoiiba. Niliwahi kumpa mhusika wa tamthilia namna ya kuongea ya jirani yangu wa ghorofa ya pili, ile ya kuanza kila lawama kwa "Mimi sisemi kitu, lakini". Nilibadilisha yote mengine, na bado kila Jumatano nilipanda ngazi kwa kunyata. Sehemu ya mwisho ilipopita alinisimamisha langoni. Alisema ameitazama yote, na kwamba yule mwanamke anamjua vizuri sana: ni wifi yake wa Machakos. "Mimi sisemi kitu," akaniambia, "lakini ulimpunguzia."